Askari anakula wapi leo? Jibu kwa kaka wa Kigoma aliyeuliza watu wa Kivu wanaishije vitani

Swali limetoka kwa kaka mmoja wa Kigoma anayefanya biashara ya dagaa, nalifupisha kidogo: "Shikamoo mwalimu. Nina mteja wangu yuko Bukavu tunaongea kila wiki. Kwenye taarifa ya habari nasikia vita, miji imetekwa, watu wanakimbia, ila yeye ananiambia juzi walikuwa harusini, soko liko wazi, watoto wanaenda shule. Sasa hiyo ni vita gani? Alafu kitu kingine sikielewi, anasema wao mwanajeshi wa serikali wanamuogopa sawasawa na muasi, saa nyingine zaidi. Mwanajeshi wa nchi yako mwenyewe unamuogopaje? Na watu wanaishije hivyo miaka yote hii?"

Marahaba kaka. Mteja wako hakudanganyi, na taarifa ya habari nayo haikudanganyi, wote wawili wanasema kweli na hapo ndipo wengi tunapochanganyikiwa, maana picha tuliyonayo kichwani ni ile ya jeshi huku, jeshi kule, katikati mabomu na raia wamejificha chini ya vitanda. Siku za namna hiyo zipo Kivu, huko mashariki mwa Kongo, na zikija ni mbaya kweli, lakini ni chache ukilinganisha na siku zingine zote ambazo mwenye bunduki amekaa tu kijijini wiki, miezi, mwaka, na hizo ndizo siku ambazo raia anaishi vita yenyewe. Mimi nikitaka kujua hali ya sehemu siulizi kwanza nani anapigania nini, nauliza swali la kijinga kabisa: huyu mwenye bunduki leo jioni anakula wapi, na nani kampa? Ukishapata jibu la hilo mengine mengi yanajieleza.

Historia naipitia haraka maana unaijua. Oktoba 1996 AFDL, kundi la waasi la Mzee Laurent-Désiré Kabila, ilianzia huko huko Kivu ya Kusini, Rwanda na Uganda zikiwa nyuma yake, na 17 Mei 1997 wakaingia Kinshasa wakamwondoa Rais Mobutu. Agosti 1998 vita ya pili, waasi wapya, RCD upande wa mashariki, MLC kaskazini, Angola, Zimbabwe na Namibia zikaja kumsaidia Kabila. Mkataba Pretoria Desemba 2002, serikali ya mpito 2003. Ikawa amani ya kwenye karatasi, maana Kivu hapakutulia, akaja Jenerali Nkunda na waasi wake wa CNDP, wakaja waasi wa M23 wakaichukua Goma Novemba 2012, wakapigwa 2013, wakarudi mwisho wa 2021, na Januari 2025 Goma ikaanguka tena, Februari ikafuata Bukavu. Wapo wanaokataa kuiita vita ya wenyewe kwa wenyewe na wana hoja, ripoti za wataalamu wa Umoja wa Mataifa zimeandika mara nyingi mkono wa Rwanda kwa M23, Kigali inakanusha. Ila kwa mama wa Walungu au Masisi mjadala huo haubadilishi kitu, aliyesimama mlangoni kwake mara nyingi ni Mkongomani na anaongea lugha anayoielewa.

Sasa mwanajeshi wa serikali. Kule kuna msemo wa Kilingala wa siku nyingi, toka enzi za Mobutu: *civil azali bilanga ya militaire*, raia ni shamba la mwanajeshi. Wanausema huku wanacheka lakini si utani hata kidogo, ni maelezo ya jinsi jeshi lilivyokuwa linaendeshwa. Septemba 1991 askari wa Mobutu waliochoka kukosa mshahara wa maana waliingia mitaani Kinshasa wakapora, miji mingine ikafuata, wakabeba mpaka mabati. Januari 1993 ikawa kichekesho cha kusikitisha zaidi, serikali ilichapa noti mpya ya zaire milioni 5 ikawalipa nayo askari, Étienne Tshisekedi, baba wa Rais Félix Tshisekedi, akawaambia watu hiyo siyo pesa, wenye maduka wakaikataa, basi askari ana mshahara mfukoni na hauwezi kununua hata mkate, wakarudi kupora. Yani fikiria, serikali inamlipa askari kwa karatasi ambayo raia haitaki, alafu inamwachia bunduki. Wewe ungetegemea nini?

AFDL walipokuja waliwakuta wananchi wamechoka hasa, ndio maana mwanzoni wale watoto waliobeba bunduki, kadogo, walishangiliwa. Baadhi ya watu wazima wananiambia walishangaa kumuona askari anauliza bei sokoni na analipa. Haikudumu. Na neno "afande" kuingia kwenye jeshi lile ni alama ya watu walivyopita Tanzania, Uganda na Rwanda, wewe mwenyewe unajua Mzee Kabila alikaa Dar miaka mingi na mwanae Joseph kakulia huku kwetu.

Baada ya 2003 wakaamua kuchanganya majeshi yote yawe moja, waliokuwa wa serikali, RCD, MLC, wanamgambo wa vijijini wanaoitwa Mai-Mai, wote wavae gwanda moja waitwe FARDC, jeshi la Kongo. Wazo zuri. Lakini angalia mshahara ulivyokuwa unasafiri. Pesa taslimu inatoka Kinshasa, inafika kwa mkubwa wa mkoa, inateremka kwa kamanda wa brigedi, wa batalioni, wa kampuni, kila ngazi inakata chake, na orodha ya majina yenyewe inatengenezwa na hao hao makamanda kwahiyo humo ndani kuna askari waliokufa, waliotoroka na ambao hawajawahi kuzaliwa. Anayefikiwa mwisho ni yule kijana aliye mlimani kwenye mvua, na mshahara wenyewe hata ukifika mzima ulikuwa chini ya dola 100 kwa mwezi. Kuanzia 2006 hivi Wazungu wa Umoja wa Ulaya walisaidia kuhesabu askari na kutenganisha mlolongo wa pesa na mlolongo wa amri, yani kamanda asiwe ndiye mlipaji, na hiyo nasema wazi ilikuwa moja ya kazi chache za maana zilizofanyika kule, maelfu ya majina hewa yalitoka. Ila kulipwa ni jambo moja, kulishwa na kulazwa ni lingine.

Maana kitu ambacho watu wa mbali hawakioni ni kwamba askari wa Kongo anatembea na familia. Kambi za zamani zimejaa au zimebomoka, kwahiyo akihamishwa kutoka Kinshasa au Kasai kwenda Lubero huko Kivu, mke na watoto wanamfuata, wanajenga kibanda cha turubai au nyasi pembeni ya kilima ambacho kesho kinaweza kupigwa. Mke wa askari anauza kasiksi, pombe ya ndizi, anauza sigara moja moja, anaenda kutafuta kuni, na akikosa kabisa anaingia kwenye shamba la mtu kuchimba viazi. Mwenye shamba atamwambia nini? Mume wake ana kalashnikov. Hapo raia na askari hawajagombana kwa siasa yoyote, wamegombania viazi.

Ndo tunafika kwenye bariyeri, na hapa naomba tukae kidogo maana ukitaka kuiona vita ya Kivu kwa macho ni hapa. Ondoa kichwani geti la chuma na askari wa doria. Ni mti umelazwa barabarani, au kamba tu, kijana mmoja kaishika ncha, mwenzake yuko kwenye benchi chini ya turubai na bunduki magotini, pembeni kuna rundo la vitu. Alfajiri mama anateremka na mzigo wa mihogo mgongoni, mkanda umepita kwenye paji la uso vile wanavyobeba wanawake wa kule, kainama hamuoni hata huyo askari usoni. Anatoa franki 500. Kama hana, anapunguza mzigo: mihogo miwili, kikombe cha maharage, vipande vya makala, yani mkaa. Kurudi jioni analipa tena. Hakuna anayepiga kelele, hakuna risasi, salamu zinatolewa, "mama, mzigo mkubwa leo", na ile rundo pembeni inakua. Utafiti mmoja wa 2017 ulihesabu karibu bariyeri 800 kwenye Kivu mbili tu, Kaskazini na Kusini, na zilikuwa za kila mtu, jeshi la serikali ndani yake tena kwa wingi. Chukulia lori la maharage linapita ngapi kati ya hizo kabla ya kufika mjini, alafu jiulize nani analipa mwishoni. Ni yule anayenunua kilo sokoni Bukavu, yani mteja wako naye analisha askari ambao hajawahi kuwaona.

Hapo hapo kuna jibu la kwanini soko liko wazi. Liko wazi kwa sababu wenye bunduki wote wanalihitaji! Ukifunga soko umejifunga mdomo mwenyewe. Ndio maana utakuta siku ya gulio watu wanavuka kutoka upande wa waasi kuja upande wa serikali na kurudi, makala ya mbuga ya Virunga yaliyokatwa chini ya ulinzi wa FDLR, waasi wa Kihutu kutoka Rwanda, yanapikia ugali wa mke wa kanali Goma, chukudu, zile baiskeli za mbao za kubebea mizigo, zinateremka na viazi kama kawaida. Miaka ya RCD dagaa zenu zilikuwa zinavuka ziwa pia, wazee wa hapo Kigoma watakusimulia vizuri kuliko mimi.

Kuhusu kumuogopa wa serikali kuliko muasi. Makundi mengi ya waasi yana kodi iliyopangwa. Ipo inayoitwa *lala salama*, kila nyumba inatoa kiasi fulani ili usiku usivamiwe, na usipovamiwa ni kwa sababu mwenye kuvamia ndiye uliyemlipa. Kuna jetoni, kikaratasi cha mwezi, ukikionyesha kwenye bariyeri zao unapita. Kuna salongo, kazi ya lazima, kubeba maji, kubeba mizigo ya risasi kupanda mlima. Ni unyonyaji mtupu, lakini ni unyonyaji unaojulikana siku yake na bei yake. Askari wa serikali aliyeletwa jana, hajui mtu hapo, haongei Kiswahili cha pale anaamrisha kwa Kilingala, na hajui kesho anahamishwa wapi, huyo hana sababu ya kumuachia raia chochote cha mwezi ujao kwa sababu mwezi ujao hatokuwepo. Anachukua leo chote. Nimekaa na watu waliosema kwa sauti ya kawaida tu bora mwizi mmoja anayeandika risiti kuliko kumi wasioandika, na mwandishi wa habari akisikia hivyo anaandika wananchi wanaunga mkono waasi. Hapana! Mtu anayechagua wizi wa bei nafuu hajaunga mkono wizi. Na huyo muasi mwenye risiti, siku akihisi kijiji kimempa habari adui anaua watu, waulize wa kijiji cha Kishishe, M23 walichowafanyia Novemba 2022 wanakumbuka.

Kundi gumu zaidi kulielewa ni Mai-Mai, na hawa wa sasa wanaoitwa Wazalendo, wanaopigana upande wa serikali. Hawa ni watoto wa pale pale. Kamanda ni mpwa wa mtu, aliacha shule darasa la sita, ana dawa yake ya maji ya kuzuia risasi na miiko yake, usile hiki, usiguse mwanamke kabla ya vita. Mwanzo mama zao wanawapikia kwa hiari kabisa, kijiji kinachanga, ni wetu hawa wanatulinda. Baada ya muda kundi linakuwa kubwa, wanakuja vijana wa bonde lingine, sahani za mama hazitoshi, wanaweka kamba barabarani. Sijaona kundi hata moja lililoepuka hatua hiyo. Na baba anabaki na kitu ambacho hawezi kumwambia mtu, anayemtoza ni mtoto aliyembeba mgongoni, akimshtaki kwa serikali kamuuza damu yake, akinyamaza majirani wanamwangalia yeye.

Sasa raia anaishije humo. Anajifunza ratiba. Usiku analala mjini au msituni, mchana anaenda shambani, hiyo kule ni kawaida kabisa, watu wanatembea masaa matatu kwenda masaa matatu kurudi ili wasikutwe nyumbani giza likiingia. Analima vitu vinavyokomaa haraka na anaacha mihogo ardhini haivuni, maana iliyo ghalani inaporwa kwa dakika tano na iliyo chini mpaka uichimbe. Mbuzi anauza mapema. Akikimbia, mara nyingi haendi kambini, anaenda kwa ndugu au hata kwa mtu asiyemjua, familia ya watu saba inakuwa ya watu kumi na tano kwenye vyumba viwili na chakula kile kile, na hawa waliowapokea huwaoni kwenye picha za misaada. Kambi ni za waliokosa mlango wowote. Pembezoni mwa Goma zilijaa mamia ya maelfu ya watu, Kanyaruchinya, Bulengo, Lushagala, Rusayo, hema juu ya mawe ya volkano hata shimo la choo halichimbiki, na Mei 2024 mabomu yakawafuata huko huko Mugunga. M23 walipoingia watu wa kambini wakaambiwa wabomoe warudi kwao, wengi kwao hapana nyumba tena.

Na vifo, hapa wengi wanakosea. Shirika moja la misaada lilikadiria watu milioni 5.4 walikufa zaidi ya kawaida kati ya 1998 na 2007. Wapo watafiti waliosema namba iko juu mno, na mimi siing'ang'anii. Jambo ambalo halina ubishi mkubwa ni aina ya vifo, waliouawa kwa risasi na panga ni chini ya mmoja kati ya kumi, waliobaki ni malaria, kuhara, homa ya mapafu, utapiamlo, karibu nusu ni watoto chini ya miaka 5. Mtoto analala siku nne msituni kwenye mvua, zahanati imeporwa, nesi naye kakimbia, dawa ya bei ya soda haipo. Vita ya pale ilianza kwa kushambulia hospitali, Lemera, Oktoba 1996, wagonjwa wameuawa vitandani, daktari aliyekuwa anaiongoza ni Denis Mukwege ambaye baadae alianzisha hospitali ya Panzi pale Bukavu 1999 akitaka wodi ya wazazi. Mgonjwa wake wa kwanza hakuja kujifungua, alikuja kabakwa na kupigwa risasi. Alipata tuzo ya amani ya Nobel 2018 na kazi bado haijaisha. Ubakaji sijauweka kwenye hesabu ya chakula maana hauingii humo, ni silaha, na waliofanya wamevaa gwanda za kila rangi.

Askari mwenyewe naye usimuone jini. Siku Goma inaanguka Januari 2025 gwanda zilikuwa zimetupwa mitaroni mji mzima, vijana wanaomba raia, wale wale waliowatoza jana, fulana na suruali ya kiraia, na wapo waliopewa. Wengine wakakimbilia kambi za Umoja wa Mataifa. Waliokuwa wanarudi nyuma kuelekea Bukavu nao wakapora na kuua njiani, serikali ikapandisha mahakamani askari 84 kabla mji wenyewe haujachukuliwa. Mwezi uliofuata ndio Rais Tshisekedi akatangaza kuzidisha mshahara mara mbili. Kwanini ilibidi miji miwili ipotee kwanza?

Wewe ni Mtanzania kwahiyo utauliza vijana wetu waliokwenda 2013 na ile brigedi maalum ya Umoja wa Mataifa, ya Jenerali Mwakibolwa, pamoja na Wasauzi na Wamalawi. Wao waliishije na raia? Chakula chao kilikuwa kinaletwa na Umoja wa Mataifa, maji, mafuta, hema, vyote, hawakuhitaji kuweka kamba barabarani kumtoza mama mihogo. Si kwamba Mtanzania ni malaika, walinda amani nao wana tuhuma zao za unyanyasaji wa kingono na wetu hawakukosekana humo, na Desemba 2017 tulizika vijana wetu waliouawa Semuliki kwa usiku mmoja. Nasema tu weka askari yeyote mlimani bila chakula miezi mitatu, awe wa Songea au wa Kisangani, alafu uone.

Harusi nimeiacha mwisho maana ndio rahisi. Aliyezaliwa wiki ile AFDL inaingia Bukavu leo ni mtu mzima anakaribia miaka 30, ana watoto. Alitakiwa asubiri nini? Watu wanaoa Jumamosi, wanatoka ukumbini mapema kwa sababu ya giza, michango inatumwa kwa simu, na huko Goma benki zilipofungwa Januari 2025 pesa ya kushika ikawa adimu hasa, wakala akawa anakata asilimia ya kukupa noti, na noti ya dola ikiwa na mchaniko wa ukucha tu hapokei mtu.

Kwahiyo ukiongea na mteja wako tena usimuulize "vita vipi", hilo hana jibu lake, kila siku atakwambia tunavumilia tu. Muulize kutoka Kalundu, bandari ya Uvira, kupita Kamanyola mpaka kwake wiki hii kuna bariyeri ngapi, za nani, na kila moja inachukua kiasi gani kwa gunia. Zikiwa nyingi kuliko mwezi uliopita na hazifahamiki ni za nani, punguza mzigo unaotuma na mwambie akulipe kabla haujatoka Uvira.